Maswali ya Wasomaji: Hesabu za Chakula, Kuanzia Dagaa hadi Sufuria ya Presha

Barua nyingi zilizotufikia safari hii kutoka Mwanza na mwambao wa Ziwa Viktoria zinagusa jambo moja, nalo ni jinsi ya kujifunza kanuni za uhandisi wa chakula kwa kutumia hesabu zilizokwisha kufanywa na wengine. Tumechagua barua tano. Baadhi ya majibu ni marefu, kwa sababu hesabu isiyoonyesha hatua zake haimfundishi mtu.

Swali: Mwalimu, shikamoo. Nasoma mwaka wa pili wa usindikaji wa chakula hapa Nyegezi. Kila jioni napitia hesabu ambazo walimu wetu wamezifanya hadi mwisho, na kila mstari nauelewa. Nikipewa swali jipya, hata likifanana na lile nililolisoma jana, sijui nianzie wapi. Je, hisabati yangu ni dhaifu? – Mwanafunzi, Nyegezi

Jibu: Marahaba, mwanangu. Sidhani kwamba tatizo ni hisabati, kwa kuwa hesabu nyingi za mwaka wako hazihitaji zaidi ya kujumlisha, kuzidisha, kugawanya na kutumia logi. Tatizo ni kwamba mtu aliyeandika majibu unayoyasoma alikwisha kufanya maamuzi yote magumu kabla ya kuandika mstari wa kwanza: aliamua aanze na kiasi gani cha chakula, mpaka wa kile anachokihesabu uwe wapi, kipi kipuuzwe na kipi kisipuuzwe. Maamuzi hayo hayaonekani katika ukurasa. Unachokisoma ni matokeo yake tu, na matokeo ya uamuzi wa mtu mwingine ni rahisi kuyakubali.

Kwa hiyo usianze kwa kusoma majibu. Yafunike kwa karatasi, soma swali peke yake, kisha chora kisanduku kinachowakilisha mtambo, chungu au kichanja, na mishale ya kila kinachoingia na kila kinachotoka. Andika unachokijua pamoja na vipimo vyake, yaani kilo, nyuzi, kilojuli au dakika, kwa sababu namba isiyo na kipimo ndiyo inayowapoteza wanafunzi wengi zaidi ya kanuni yoyote. Kadiria jibu kabla ya kukokotoa, hata kama kadirio ni la kubahatisha. Kisha funua mstari mmoja tu. Ukikuta mwandishi amefanya kitu tofauti na chako, usikinakili. Jiulize aliamua nini ambacho wewe hukukiamua.

Ukishamaliza, rudi juu na utie alama kila mstari kulingana na aina yake. Mistari mingine ni sheria za maumbile, kama ile isemayo kwamba kilichoingia lazima kitoke au kibaki ndani. Mingine ni namba zilizochukuliwa kwenye majedwali. Mingine ni mambo ambayo mwandishi ameyachukulia kuwa ya kweli ili hesabu iwezekane, na iliyobaki ni kazi ya kikokotoo. Nataka uitazame kwa makini zaidi ile aina ya tatu, kwa maana swali jipya karibu kila mara ni lile la zamani ambalo jambo moja lililochukuliwa kuwa kweli limebadilishwa. Mwisho, badilisha namba moja katika swali na ulifanye tena bila kutazama. Hesabu tatu ukizifanya hivyo kwa wiki zitakufaa kuliko thelathini za kusoma tu.

Barua inayofuata inaonyesha ninachokisema, nami nakuomba uifanyie kazi pamoja nasi.

Swali: Mimi ni mama mfanyabiashara wa dagaa, Igombe. Huwa nawapa vijana kilo 100 za dagaa wabichi waanike juu ya vichanja, nao hunirudishia kilo 28 hivi za dagaa wakavu. Mwanangu aliye chuoni ameniambia kwamba dagaa wabichi wana maji asilimia 75 na wakavu wana asilimia 10, hivyo kinachopotea ni asilimia 65, na kwa hiyo ninapaswa kupata kilo 35. Je, vijana wananipunja? – Mama wa Igombe

Jibu: Mama, kwa namba ulizotupa, vijana wako hawakupunji, na tunakushukuru kwa kuuliza kabla ya kuwatuhumu. Mwanao amepunguza 10 kutoka 75, ilhali asilimia hizo hazitolewi moja kwa nyingine. Asilimia 75 ni ya kilo 100 za mwanzo, ilhali asilimia 10 ni ya mzigo mwingine kabisa, ulio mdogo zaidi, ambao uzito wake ndio tunaoutafuta.

Njia salama ni kufuata kitu kisichobadilika. Katika uanikaji, maji huondoka lakini nyama, mifupa na mafuta hubaki, kwa hiyo tunafuata sehemu kavu. Kilo 100 za dagaa wabichi wenye maji asilimia 75 zina kilo 25 za sehemu kavu. Baada ya kuanikwa, kilo hizo 25 zinapaswa kuwa asilimia 90 ya mzigo mzima, kwa kuwa maji ni asilimia 10. Basi mzigo mkavu ni 25 gawanya kwa 0.90, yaani kilo 27.8, na maji yaliyoondoka ni kilo 72.2. Kilo 28 unazorudishiwa zinalingana na hesabu.

Tubadilishe namba moja, kama tulivyomwambia mwanafunzi wa Nyegezi. Dagaa wakiachwa na maji asilimia 15, mzigo unakuwa 25 gawanya kwa 0.85, yaani kilo 29.4, wakiachwa na asilimia 20 unakuwa kilo 31.25. Hapa ndipo penye kishawishi cha biashara, kwa maana anayeuza kwa kilo anapata zaidi akiwahi kuanua. Lakini maji hayo yaliyobaki ndiyo yanayolisha ukungu ndani ya gunia, hasa mzigo ukikaa ghalani wakati wa mvua au ukisafirishwa mbali. Hesabu inakuonyesha kwamba tofauti ya kukausha vizuri, kutoka asilimia 15 hadi 10, ni kilo 1.6 tu kwa kila kilo 100 za dagaa wabichi. Wewe unayeijua bei ya Mwaloni Kirumba utaweza kulinganisha hasara hiyo ndogo na hasara ya gunia zima lililokataliwa.

Mwanao anaweza kuendeleza hesabu hii hadi kwenye eneo la vichanja. Kila kilo ya maji inayogeuka mvuke katika joto la kawaida la kwetu huhitaji takribani kilojuli 2,430. Kilo 72.2 zitahitaji kilojuli 175,400 hivi, ambazo ni sawa na kilowati-saa 49. Tukichukulia kwamba jua linatoa kilowati-saa 5 kwa kila mita ya mraba kwa siku, na kwamba theluthi moja kasoro kidogo, tuseme asilimia 30, ndiyo inayofanya kazi ya kukausha, basi kila mita ya mraba inatoa kilowati-saa 1.5 zenye manufaa. Gawanya 49 kwa 1.5: utahitaji mita za mraba 33 hivi ili kukausha kilo 100 kwa siku moja, au nusu ya eneo hilo kwa siku mbili. Namba ya asilimia 30 ni ya kukisia, nayo hutegemea upepo, mawingu na wingi wa dagaa walivyotandazwa. Mwambie aipime kwa kupanua au kupunguza kichanja, kisha aihesabu upya kwa kutumia uzito halisi wa dagaa walioanuliwa.

Swali: Tunasafirisha sangara kutoka Ukerewe hadi Mwanza. Kijana mmoja msomi alitufanyia hesabu akasema kilo 28 za barafu zinatosha kilo 100 za samaki, lakini wazee wa kazi hii hawakubali kuondoka bila barafu inayokaribia uzito wa samaki wenyewe. Nani yuko sahihi? – Msafirishaji, Nansio

Jibu: Ndugu msafirishaji, hesabu ya kijana haina kosa la namba, ila amejibu swali dogo kuliko lile mliloliuliza. Samaki mbichi asiye na mafuta mengi huhitaji takribani kilojuli 3.6 kuondolewa kwa kila kilo ili apoe kwa nyuzi moja. Kilo 100 zikipozwa kutoka nyuzi 26 hadi sifuri, joto la kuondoa ni 100 mara 3.6 mara 26, yaani kilojuli 9,360. Kilo moja ya barafu inapoyeyuka humeza kilojuli 334. Gawanya, utapata kilo 28. Alichokichukulia kuwa kweli, pengine bila kujua, ni kwamba kasha halipitishi joto hata chembe.

Sasa tuchukue kasha la mbao lenye unene wa sentimita 2, lenye eneo la mita 4 za mraba kwa pande zake zote, nje nyuzi 26 na ndani sifuri. Mbao hupitisha joto kwa kiwango cha wati 0.15 hivi kwa mita kwa kila nyuzi. Ukizidisha 0.15 kwa 4 na kwa 26, kisha ukagawanya kwa 0.02, unapata wati 780. Kwa saa 10 hizo ni kilojuli 28,080, yaani kilo 84 za barafu zinazoyeyuka bila kumpoza samaki yeyote. Namba hiyo imezidi, kwa sababu hewa tulivu inayogusa ubao ndani na nje nayo huzuia joto. Tukiipa kila upande kiwango cha kawaida cha wati 10 kwa mita ya mraba kwa kila nyuzi, joto linaloingia linashuka hadi wati 312, na barafu inayopotea inakuwa kilo 34 hivi. Ongeza zile 28 za kupozea, unafika kilo 62 kabla hujahesabu kufungua kasha, jua kali linalopiga kifuniko, barafu iliyoanza kuyeyuka kabla ya kupakiwa na safari inayochelewa kwa sababu ya upepo. Wazee wako wanajua walisemalo.

Kasha lenye povu la plastiki la sentimita 5, linalopitisha wati 0.03 tu, likihesabiwa kwa njia hiyo hiyo hupoteza kilo 6 za barafu kwa saa 10. Mwanafunzi asiache kuona hapa kwamba hewa tulivu iliyopunguza hasara ya kasha la mbao kwa zaidi ya nusu haibadilishi sana kasha la povu: ukiipuuza unapata kilo 6.7 badala ya 6. Kitu hupuuzwa pale kinapokuwa kidogo mbele ya vingine, na njia ya kujua ni kukihesabu mara moja kisha kuamua.

Swali: Nafundisha usindikaji wa chakula katika chuo cha ufundi. Wanafunzi wangu walipima maji yanayochemka wakapata nyuzi 96, wakasema kipimajoto ni kibovu kwa kuwa vitabu vinasema 100. Nilipobadilisha kipimajoto jibu likawa lile lile. Je, hesabu za kuua vijidudu kwa mvuke zilizo katika vitabu hivyo zinatufaa hapa Mwanza? – Mwalimu, Ilemela

Jibu: Mwalimu mwenzangu, vipimajoto vyako vyote viwili ni vizima, na wanafunzi wako wamegusa jambo ambalo ningependa kila mtu anayesindika chakula kando ya ziwa hili alielewe barabara. Uso wa Ziwa Viktoria uko takribani mita 1,134 juu ya usawa wa bahari. Katika kimo hicho mgandamizo wa hewa ni kilopaskali 88 hivi, badala ya 101 za pwani. Maji huchemka pale mgandamizo wa mvuke wake unapolingana na ule wa hewa iliyo juu yake, na kwa kilopaskali 88 hilo hutokea kwenye nyuzi 96. Vitabu vinaposema 100 vinamaanisha usawa wa bahari, na mara nyingi havilisemi hilo ndani ya hesabu yenyewe. Ni jambo lililochukuliwa kuwa kweli, nalo halina ukweli Ilemela.

Athari yake kubwa haiko katika kupika ugali, ambao utaiva hata hivyo. Iko katika vyakula visivyo na uchachu, kama samaki, nyama na maharage, vinapofungwa katika makopo au chupa. Bakteria aitwaye Clostridium botulinum hutengeneza spora, yaani chembe ngumu za kujihifadhi, zinazostahimili kuchemshwa, na ndani ya kopo lisilo na hewa huweza kuzalisha sumu inayoua. Ndiyo maana vyakula hivyo hupikwa kwa mvuke wenye mgandamizo, kwa kawaida kwenye nyuzi 121.1. Kwa joto hilo spora hupungua hadi sehemu moja ya kumi kila baada ya dakika 0.21. Kipimo kinachofuatwa ni kupunguza mara kumi kwa hatua 12, yaani 12 mara 0.21, dakika 2.52, na wasindikaji wengi huchukua dakika 3 ili kuwa na akiba.

Sasa tufanye hesabu. Mvuke wa nyuzi 121.1 una mgandamizo kamili wa kilopaskali 205. Geji ya sufuria ya presha haisomi mgandamizo kamili. Husoma ziada iliyo juu ya hewa ya nje. Kwa hiyo kule Tanga au Dar es Salaam geji itasoma 205 toa 101, yaani kilopaskali 104, ambazo ni zile PSI 15 (ratili 15 kwa inchi ya mraba) zinazotajwa katika maelekezo mengi. Mwanza geji inapaswa kusoma 205 toa 88, yaani kilopaskali 117, sawa na PSI 17.

Tuseme mwanafunzi wako amefuata kitabu, akaiweka geji kwenye PSI 15, ambazo ni kilopaskali 103. Mgandamizo kamili ndani ya sufuria ni 103 jumlisha 88, yaani 191, na jedwali la mvuke litamwambia kwamba joto lake ni karibu nyuzi 118.8. Pungufu ni nyuzi 2.3, na mtu anaweza kuona kwamba si kitu. Lakini kasi ya kuua spora hizi hubadilika mara kumi kwa kila nyuzi 10, kwa hiyo pungufu hilo linaishusha kasi hadi kumi kwa kipeo cha hasi 0.23, yaani 0.59. Dakika 3 za Mwanza kwa PSI 15 ni sawa na dakika 1.77 tu za kitabu. Ukigawanya 1.77 kwa 0.21 unapata hatua 8.4 za kupunguza mara kumi, ilhali dakika 3 kamili zingetoa hatua 14.3. Tofauti ya hatua 5.9 maana yake spora zinazobaki hai zinaweza kuwa nyingi zaidi kwa zaidi ya mara laki saba. Ili kufidia bila kuongeza mgandamizo, inabidi kugawanya 3 kwa 0.59, na hiyo ni dakika 5.1.

Tafadhali wakazie wanafunzi kwamba dakika hizi zote huhesabiwa pale sehemu ya katikati ya kopo, inayochelewa kupata joto kuliko zote, inapokuwa imefikia joto hilo. Muda wa mvuke kuingia na joto kupenya ndani ya samaki ni mrefu zaidi, nao hupimwa kwa kuweka kipimajoto ndani ya kopo. Asitokee mtu wa kusoma jibu hili akafunga samaki kwenye chupa nyumbani na kuwauza kwa kutegemea dakika 5.1. Hesabu hii ni ya kuelewa. Kazi ya kuuza inahitaji kipimo halisi cha kopo lile, ujazo ule na chakula kile.

Ningekushauri hesabu hii uwape wanafunzi mara mbili: kwanza kwa namba za pwani, kisha uwaambie tu, "Sasa mko Ilemela," bila kuwaonyesha ni mstari upi unaobadilika. Wakiupata wenyewe, wameelewa tofauti ya mgandamizo kamili na mgandamizo wa geji kwa namna ambayo mhadhara hauwezi kuwapa.

Swali: Tunasindika maziwa kidogo kidogo. Tumeambiwa nyuzi 63 kwa dakika 30, au nyuzi 72 kwa sekunde 15. Je, nasi huku Musoma tuongeze kwa sababu ya kimo? Na inakuwaje tofauti ndogo ya joto ipunguze muda kiasi hicho? – Kikundi cha wafugaji, Musoma

Jibu: Msiongeze chochote kwa sababu ya kimo. Nyuzi 63 na 72 ziko chini ya kiwango cha kuchemka hata kwenu, na kinachoua vijidudu ni joto lenyewe pamoja na muda, mradi kipimajoto chenu kinasema kweli.

Swali la pili hujibika kwa mstari mmoja. Dakika 30 ni sekunde 1,800, na 1,800 gawanya kwa 15 ni 120. Logi ya 120 ni 2.08. Nyuzi 9 zilizo kati ya 63 na 72 zimepunguza muda kwa hatua 2.08 za mara kumi, kwa hiyo kila hatua moja huchukua nyuzi 9 gawanya kwa 2.08, yaani nyuzi 4.3. Linganisheni na nyuzi 10 za spora katika jibu lililotangulia: vijidudu vya maziwa tunavyovilenga hapa ni dhaifu zaidi, na joto likipanda kidogo tu huangamia haraka sana.

Msiutumie uwiano huu mbali na pale ulipotoka. Mkiuendeleza hadi nyuzi 96 utawapa muda mdogo kuliko sehemu ya elfu moja ya sekunde, jambo lisilo na maana kwa sufuria iliyo juu ya moto, kwa kuwa maziwa ya katikati na ya pembeni hayafiki joto moja kwa wakati mmoja. Kwa sufuria, fuateni zile nyuzi 63 kwa dakika 30, mkikoroga wakati wote, na mwanze kuhesabu dakika pale kipimajoto kilichozamishwa katikati kinapofika 63.